Maswali ya Wasomaji: Bwawa la Mwatiko Nyuma ya Mikoko

Barua nyingi za mwezi huu zinamhusu mwatiko, samaki wa rangi ya fedha mwenye mkia uliopasuka kama mkasi, ambaye wataalamu humwita Chanos chanos. Mwatiko mkubwa hukaa baharini na kutaga huko, karibu na miamba. Kichanga chake hufika ufukweni kikiwa na urefu wa sentimita moja na nusu hivi, kikaingia kwenye hori za mikoko, yaani vijito vya maji ya bahari, madimbwi ya tope na hata mito ya maji baridi, kikala humo mpaka kikapata mwili, ndipo kikarudi baharini. Mfugaji humdaka katikati ya safari hiyo. Kwa kuwa hana meno na chakula chake kikuu ni utando wa mwani uotao juu ya tope, ni samaki rahisi kulisha. Kinachowashinda wengi ni ardhi na maji, na ndiyo maana tumeanza na barua mbili za udongo na kuzijibu kwa urefu.

*Nyuma ya mikoko ya kijiji chetu kuna uwanja mtupu wa chumvi, unafunikwa na maji wakati wa bamvua kubwa tu. Wazee wanasema tuchimbe bwawa hapo. Vijana wanataka tukate mikoko kidogo tusogee karibu na hori, maji yawe yanaingia kila siku. Tufuate lipi? — Kikundi cha wavuvi, Kwale*

Wafuateni wazee, lakini pimeni kwanza.

Kukata mikoko kutawaweka mashakani na sheria, kwa sababu mikoko ya pwani ya Kenya ni msitu wa hifadhi wa serikali tangu tangazo la mwaka 1932. Hata kama sheria isingekuwepo, bwawa lililochimbwa mahali palipokuwa na mikoko ni bwawa baya. Mizizi iliyobaki ndani ya tuta huoza, ikaacha mashimo, na maji yakapita humo. Mawimbi yaliyokuwa yakivunjwa na miti yatapiga tuta moja kwa moja. Na udongo wa chini ya mkoko wenyewe, ule wenye mizizi iliyosimama juu ya tope kama miguu, mara nyingi umejaa nyuzi za mizizi iliyooza pamoja na salfa, ambayo ndiyo sumu tutakayoieleza katika barua inayofuata. Udongo wa pale penye mchu, mti wenye mizizi iliyosimama kama penseli, kwa kawaida huwa na afadhali. Uwanja mtupu ulio nyuma ya mchu ndio unaofaa kuliko sehemu nyingine zote, mradi maji yanaufikia.

Hapo ndipo kipimo kinapohitajika. Pigeni vigingi sita au saba kutoka ukingo wa hori hadi mwisho wa uwanja, kila kimoja kikiwa na alama za sentimita. Kipakeni chokaa au vumbi la chaki kila asubuhi. Maji yakipanda yataiosha, nanyi mtaona yalifika wapi. Andikeni kila siku kwa mwezi mzima, tangu mwezi kuandama hadi kuandama tena, ili mpate bamvua mbili, siku za maji makubwa, na maji mafu mawili, siku za maji madogo. Msipime siku ya bamvua peke yake mkafurahi. Pwani yetu bamvua hupanda na kushuka karibu mita tatu na nusu hadi nne, lakini wakati wa maji mafu tofauti hiyo hupungua mno, na uwanja wenu hautaona tone kwa siku nyingi mfululizo.

Mnachotafuta ni kimo cha sakafu ya bwawa. Sakafu iwe chini kiasi kwamba bamvua ya kawaida, si ile kubwa ya mwaka, iweze kujaza angalau sentimita 60 hadi 80 za maji. Papo hapo iwe juu kuliko maji ya hori wakati wa kupwa, ili mkifungua lango bwawa likauke kabisa bila pampu. Mkikosa la kwanza, maji yatakuwa haba na ya chumvi kali. Mkikosa la pili, hamtaweza kukausha, na bwawa lisilokauka hamtaweza kulitoa samaki walaji, wala kulivuna vizuri, wala kuliosha asidi. Viwanja vingi vya chumvi viko juu kidogo, hivyo hudai kuchimba sentimita 40 hadi 60.

Kabla ya kuchimba hizo 60, chimbeni shimo moja la kupima lenye kina cha mita moja na nusu. Chukueni udongo wa kila sentimita 20, mlowanishe, muuviringe uwe kamba nene kama penseli, kisha muikunje duara. Isipokatika, mfinyanzi unatosha kushika maji. Ikimomonyoka, ni mchanga. Hapo hamtajaza bwawa bali mtalisha ardhi. Sehemu ya kila sampuli iwekeni kwenye kisahani, tabaka la sentimita moja, iendelee kuwa na unyevu kwa wiki nane, kisha ipimwe pH, kipimo ambacho hushuka asidi ikizidi. Ikishuka chini ya 4, tabaka hilo lina salfa na msilifikie kwa jembe. Wiki nane zinachosha, tunajua, lakini ni nafuu kuliko kuchimba bwawa ambalo halitafuga kitu kwa miaka mitatu.

Tuta liwe juu ya alama ya maji makubwa kabisa kwa sentimita 50, na mwongeze moja ya tano kwa sababu udongo mbichi hukaa chini ukikauka. Upana wa juu mita moja, na mteremko wa kila upande uwe mita moja na nusu kwa kila mita moja ya kimo, au zaidi. Kabla ya kulipandisha, chimbeni mfereji wa nusu mita katikati ya mstari wake, mng'oe kila mzizi, mjaze mfinyanzi safi na kuushindilia. Mfereji huu ndio unaolifunga tuta na ardhi. Wanaouruka huona maji yakitoka chini kwa chini, wakalaumu kaa. Na kibali cha mazingira pamoja na cha misitu kiwe mkononi kabla ya jembe la kwanza.

*Bwawa letu lilikuwa zuri. Maji yakawa meupe, unaona hadi chini, na kingo zikafanya rangi ya kutu. Mvua ya kwanza ya vuli iliponyesha, samaki karibu wote walikufa usiku mmoja. Watu wanasema tumetiliwa sumu. — Kikundi cha akina mama, Pemba*

Dada zetu, poleni sana. Msimshuku jirani. Sumu imetoka ndani ya tuta lenu wenyewe.

Udongo wa mikoko umelala majini kwa karne nyingi bila hewa. Humo salfa ya maji ya bahari imeungana na chuma, ikatulia, na ikiendelea kufunikwa na maji haidhuru chochote. Mkiuchimba na kuupandisha juu uwe tuta, hewa inaingia, na mchanganyiko ule hugeuka asidi ya salfa, ile ile inayotiwa kwenye betri za gari. Kipindi chote cha kiangazi asidi hujikusanya ndani ya tuta. Mvua ya kwanza huiosha na kuimwaga bwawani kwa saa chache. Ndiyo maana vifo huja usiku wa mvua ya kwanza, na wala si wa mvua ya tano. Chuma nacho huganda juu ya matamvua kama kutu, samaki akashindwa kupumua. Mkifunua matamvua ya waliokufa mkaona yamepakwa hudhurungi, hamhitaji ushahidi mwingine. Maji kuwa maangavu ilikuwa dalili ya mapema: asidi huua mwani na kuzamisha vumbi la tope, hivyo maji yanayoonekana safi kwenye bwawa la namna hii ni maji yasiyo na chakula.

Sasa dawa. Chokaa peke yake haitoshi, kwa sababu kiasi kinachohitajika kuimaliza asidi yote kinaweza kufika tani nyingi kwa hekta, na fedha hizo hamtazirudisha kwa mwatiko. Osheni kwanza kwa maji ya bahari, ambayo hayana bei na yenyewe hupunguza asidi. Kausheni bwawa mpaka sakafu ipasuke nyufa, ili asidi iliyomo itoke yote. Ingizeni maji ya bamvua, yaacheni siku moja au mbili huku mkipima pH, na ikishuka yatoeni yote wakati wa kupwa. Rudieni. Raundi tatu au nne ndizo za chini. Udongo mbaya hudai zaidi. Mwisho kausheni tena na muoshe tena. Acheni kuosha siku maji yatakapokaa siku mbili bila kushuka chini ya 6.

Tuta lioshwe pia, kwa kulimwagia maji ya bahari kwenye mteremko wa ndani wakati bwawa limekauka, maji hayo yatoke nje. Halafu nyunyizeni chokaa ya kilimo kwenye mteremko, nusu kilo hadi kilo moja kwa kila mita ya mraba, na hapo juu pandeni mboga pwani. Ile hutambaa kwenye udongo wa chumvi, hushika tuta, na hupunguza mvua kuligonga. Sakafuni, baada ya kuosha, kilo 100 za chokaa kwa kila mita za mraba 1,000 zinatosha. Baada ya hapo kila mwaka, vuli na masika zinapokaribia, tawanyeni chokaa kidogo juu ya tuta kabla ya mawingu. Hali hupungua mwaka hadi mwaka, msipochimba tuta upya.

*Vifaranga vinapatikana wapi, na nitavitofautishaje na samaki wengine wadogo? Niliwahi kupanda mia tatu, nikavuna mkizi watupu. — Msomaji wa Tanga*

Wengi bado hutegemea vifaranga vya porini, ingawa Shimoni nchini Kenya na Beit el Ras huko Unguja kuna vituo vya mbegu za viumbe wa baharini ambavyo inafaa kuviulizia kwanza. Vya porini huonekana zaidi masika, siku za bamvua, kwenye madimbwi yanayobaki juu ya tope maji yanapokupwa na kwenye vijito vya ndani ya mikoko. Saa nzuri ni mara tu maji yanapoanza kuacha dimbwi. Jua likishapanda, maji hupata moto na vifaranga huwa vimechoka tayari. Wavu wa matundu madogo una masharti yake kisheria, kwa hiyo pata ruhusa ya ofisa uvuvi na uihusishe BMU, yaani kamati ya wavuvi inayosimamia ufukwe wa eneo lako. Samaki wengine utakaowakuta wavuni warudishe majini wakiwa hai. Ni watoto wa samaki ambao majirani zako watawavua kesho.

Kichanga kidogo kabisa ni kama sindano ya kioo: huoni kitu ila vitone vitatu vyeusi, macho mawili na kifuko cha hewa. Akifika sentimita tatu na kuendelea, mtazame hivi. Mwatiko ana pezi moja tu mgongoni, katikati ya mwili. Mkizi ana mawili, na kichwa chake ni kipana na butu kikitazamwa kutoka juu. Dagaa wa jamii ya simu hufanana naye kwa rangi, lakini ukimpitisha kidole tumboni kutoka mkiani kwenda kichwani unakwaruzwa kama na msumeno, ilhali tumbo la mwatiko ni laini. Wa kuogopwa ni yule mwembamba wa fedha mwenye pezi moja kama mwatiko, ila mdomo wake mkubwa umepasuka hadi nyuma ya jicho. Huyo ni mlaji. Kumi wakiingia, watakuachia maji matupu. Mdomo wa mwatiko ni mdogo na hauna jino.

Kuvisafirisha: visilishwe kwa siku nzima kabla ya safari. Mfuko wa plastiki wenye lita sita za maji na oksijeni juu yake mara mbili ya maji hubeba vifaranga 50 hadi 100 vya sentimita nne kwa saa nne au tano, ukiwa kivulini. Ukifika uelee bwawani nusu saa, kisha uongeze maji ya bwawa kikombe kwa kikombe. Ikiwa chumvi inatofautiana sana, ichukue saa mbili au tatu. Vifaranga wengi hufa siku ya pili kwa haraka ya dakika kumi za mwanzo. Waanze kwenye kibwawa cha kulelea, sehemu ya kumi hivi ya bwawa kubwa, kwa wiki nne hadi sita.

*Je, mwatiko atazaa ndani ya bwawa langu? — Msomaji wa Lindi*

Hapana. Huchukua miaka mitano au zaidi kupevuka na hutaga baharini. Wafilipino, ambao wamemfuga kwa vizazi vingi, walipata mayai ya kwanza ya mwatiko aliyefungwa mwaka 1980 tu, tena kwenye vizimba vya baharini. Kutozaa huko ni faida kwako: bwawa halitajaa samaki wadogo waliodumaa kama la perege.

*Tuliambiwa tukuze utando wa kijani sakafuni. Uliota vizuri, halafu ukainuka vipande vipande, ukaelea na kunuka. Samaki wakaanza kuhema. — Msomaji wa Mtwara*

Utando huo, ambao Wafilipino huuita lablab, ni mkeka wa mwani mwembamba, vijidudu na wanyama wadogo walioshikana juu ya tope. Huelea kwa sababu tatu za kawaida. Maji yaliongezwa kwa pupa, mkeka ukang'oka. Au mvua kubwa ilibadilisha chumvi ghafla. Au samaki walikuwa wachache, mkeka ukanenepa, tabaka la chini likakosa mwanga na kuoza, gesi ikaunyanyua.

Ukuzeni upya hivi, kwa bwawa la mita 20 kwa 50. Kausheni wiki moja hadi mbili mpaka mguu uzame sentimita moja tu. Msikaushe hadi udongo ugeuke unga. Tieni chokaa, kisha baada ya wiki tawanyeni kilo 100 hadi 200 za samadi kavu ya kuku. Ingizeni maji ya sentimita 5 tu, yakiwa yamechujwa kwa wavu wa chandarua, na myaache wiki nzima. Hapo jua hufika sakafuni na mkeka huanza kuonekana kama kutu ya kijani. Ongezeni sentimita 3 hadi 5 kila baada ya siku tatu au nne. Baada ya wiki tano au sita mtakuwa na sentimita 30 hadi 40, na mkeka umeshika kama zulia. Ndipo samaki waingie.

Vipande vinavyoelea visukumwe kwa upepo hadi pembeni, viokotwe, virundikwe nje. Vinafaa shambani vikioshwa chumvi. Msiviache vioze majini.

Kuna wanaouliza kama utupa unafaa kuulia samaki walaji kabla ya kupanda. Jua na ukavu vinatosha, na madimbwi yanayobaki yachotwe kwa ndoo. Utupa ukitoka na maji hadi horini unaua vichanga vya kila aina, na kuvua kwa sumu ni kosa kwa sheria ya Kenya na Tanzania.

*Nipande wangapi na niwalishe nini? Bei ya chakula cha dukani imenishinda. — Msomaji wa Bagamoyo*

Kwa mkeka peke yake, samaki 300 katika mita za mraba 1,000. Tukisema ukweli, hao watakupa chini ya kilo 90 kwa msimu wa miezi sita hadi minane, wakifika gramu 300 kila mmoja. Ukitaka 1,000 katika eneo hilo lazima ulishe, na lazima uweze kubadilisha maji.

Chakula cha nyumbani kinachokwenda vizuri ni pumba za mpunga sehemu mbili, mashudu ya alizeti au ya nazi sehemu mbili, na unga wa dagaa sehemu moja. Kanda kwa uji wa muhogo, pitisha kwenye mashine ya kusagia nyama, kausha kivulini. Pumba kavu ukizitupa hivi hivi nusu yake hupeperushwa hadi ukingoni. Kiasi: asilimia 4 ya uzito wa samaki wote kwa siku. Samaki 1,000 wa gramu 100 ni kilo 100, kwa hiyo kilo 4 kwa siku, nusu yake saa tatu asubuhi, na nusu nyingine saa tisa alasiri. Mwatiko hula mchana. Chakula cha jioni kinaozea sakafuni. Kila wiki mbili vua ishirini au thelathini, wapime, piga hesabu upya. Ukiona tumbo limebonyea na kichwa kimekuwa kikubwa kuliko mwili, mkeka umekwisha na hukujua.

*Samaki wanapanda juu alfajiri na kupiga midomo, saa mbili asubuhi wanatulia. Jirani ana kambale bwawa la karibu na hawafanyi hivyo. — Msomaji wa Kilifi*

Kambale ana kiungo maalumu juu ya matamvua cha kuvutia hewa ya angani; mwatiko hana, anategemea oksijeni iliyomo majini. Usiku mwani nao unapumua, hivyo alfajiri ndipo oksijeni huwa chini kabisa. Acha kulisha siku hiyo, ingiza maji mapya bamvua ikiwepo, na kama ni maji mafu tumia pampu kuyarusha maji ya bwawa yenyewe hewani. Usitie samadi tena mpaka maji yapungue ukijani: zamisha mkono hadi kiwiko, ukipoteza viganja kabla ya kiwiko kuzama, ni mazito mno.

Tahadhari nyingine kwa msimu huu. Mvua kubwa inapoanguka, maji baridi hukaa juu ya maji ya chumvi kama mafuta juu ya supu, na yale ya chini hukosa hewa. Toa mbao za juu za lango ili tabaka la juu limwagike lenyewe. Wenye bomba la kiwiko walilaze kidogo, matokeo ni yale yale. Tabaka la baridi likitoka, chini hupata hewa tena.

*Niko Morogoro. Mwatiko ataishi maji baridi? — Msomaji wetu*

Ataishi. Huko Ufilipino hufugwa hata katika Ziwa Taal, ambalo maji yake ni baridi. Mwenyewe huvumilia kuanzia maji yasiyo na chumvi hadi yaliyozidi bahari mara mbili na zaidi, ila hukua vyema kati ya gramu 10 na 35 za chumvi kwa lita. Tatizo lako ni vifaranga. Kuvishusha kutoka maji ya bahari hadi ya mto kunataka siku kadhaa, na kila msimu itakubidi uvifuate pwani. Kwa maji yako baridi, kambale au perege watakulipa mapema zaidi. Mwatiko tungemwachia mtu aliye karibu na hori.

*Tuta linavuja kila mahali kwa sababu ya mashimo ya kaa. — Msomaji wa Vanga*

Kuziba mdomo wa shimo hakusaidii. Kaa hutoboa kando. Fuata shimo lote kwa jembe hadi mwisho, hata likiingia mita moja, toa kaa, jaza mfinyanzi wenye unyevu tabaka kwa tabaka na kushindilia. Kaa wa matope wana soko zuri, kwa hiyo watege kwa chambo na uwauze. Upande wa ndani, wavu wa plastiki uliozikwa sentimita 30 chini ya mguu wa tuta huwazuia wapya.

*Wateja wanasema samaki wetu wana ladha ya tope na miiba mingi. Tufanye nini? — Kikundi cha vijana, Mtwapa*

Ladha ya tope hutoka kwenye aina fulani za mwani wa bluu-kijani, hujikusanya kwenye mafuta ya samaki. Haiondoki kwa ndimu. Huondoka samaki akiwa hai: siku tatu au nne kabla ya kuvuna badilisheni maji kila siku ya bamvua kwa kiasi kikubwa, na siku ya mwisho msilishe ili utumbo uwe mtupu. Kwa hiyo pangeni mavuno siku za bamvua, yaani mwezi mpevu au mwezi mwandamo. Mavuno ya maji mafu huharibu ladha na huwachosha wavunaji.

Bamvua hiyo hiyo hurahisisha kuvua. Mwatiko hufuata maji yanayoingia, akayapanda kwa kichwa. Punguzeni maji ya bwawa wakati wa kupwa yabaki nusu. Maji yakianza kujaa, fungueni lango polepole, wavu ukiwa umekaa, na samaki watakusanyika wenyewe mbele ya lango katika mfereji mfupi mliouchimba kwa kazi hiyo. Zibeni nyuma yao. Kundi kubwa hupatikana hivyo bila kukanyaga tope wala kupoteza magamba. Funikeni kwa wavu, kwani huruka. Watieni mara moja kwenye maji ya barafu, kilo moja ya barafu kwa kilo moja ya samaki. Wakifa taratibu juu ya nyasi nyama hulegea kabla ya kufika sokoni.

Miiba ipo, zaidi ya mia, mingi ikiwa imefichwa ndani ya nyama. Kuna njia tatu. Ya haraka ni kumchanja pande zote mbili, mistari iliyokaribiana ya milimita tatu, hadi kisu kiguse uti, kisha kumkaanga kwa mafuta mengi. Miiba iliyokatwa vipande huwa mikavu na hutafunika. Ya pili ni kumpika kwenye sufuria ya presha dakika 90 na viungo na chumvi, kama Waindonesia wafanyavyo. Miiba hulainika kabisa, na samaki hubaki mzima ukimpanga juu ya majani ya mgomba. Ya tatu ni kumtoa miiba mbichi. Pasueni mgongoni, si tumboni, mfungueni kama kitabu, toeni uti, kisha kwa kibano kirefu cha ncha nyembamba mvute miiba mstari kwa mstari: ya mgongoni kwanza, halafu ile ya ubavuni iliyo katikati ya nyama nyekundu, mwisho ya tumboni. Vuteni kuelekea upande wa kichwa, mwiba hautakatika. Aliyeanza leo atachukua nusu saa kwa samaki mmoja, na aliyezoea dakika chache. Samaki huyo hafanani na wa zamani kwa bei, na akipakwa nazi na ukwaju juu ya makaa, watoto wanaweza kula bila mtu mzima kuwachambulia.